Arobaini ya Nane

Bibi yangu hali kitu chenye macho. Samaki hali, kuku hali, na mbuzi ndiyo usimtajie kabisa, maana aliwafuga miaka mingi na kila mmoja alikuwa na jina lake. Ukimuuliza sababu, anakwambia hawezi kumla mtu aliyewahi kumtazama. Anakula mtama, mbaazi, kunde, majani ya kila aina, na nazi ikipatikana. Mtama ndio chakula. Wali, kwake, ni kitu cha harusini.

Nalisema hili mapema kwa sababu wiki ile mtama ndio uliokuwa uamue kama jicho lake litapona.

Tulikuwa tumetoka Kivinje, kwenye kliniki ya macho, ambako alitolewa mtoto wa jicho upande wa kulia. Muuguzi aliyetuaga alikuwa binti wa rika langu, mpole. Akamvika Bibi miwani myeusi, akanipa mimi kichupa cha dawa ya matone, kisha akataja masharti. Kwa wiki sita Bibi asiiname, asinyanyue mzigo, asikae penye vumbi, na zaidi ya yote asikae penye moshi. Moto wa kuni marufuku. Bibi akahesabu kwa vidole, taratibu, halafu akamwambia yule muuguzi kwamba wiki sita ni arobaini na siku mbili za nyongeza.

"Mwanangu, mimi nimekaa arobaini saba za uzazi," akamwambia. "Arobaini anawekewa mtoto. Hapa mtoto yuko wapi?"

Muuguzi akacheka. Na mimi nikacheka kidogo, lakini moyoni nilikuwa na hofu, kwa sababu namjua Bibi. Kule Likawage anaishi peke yake. Jiko lake ni kijumba cha udongo kisicho na dirisha, chenye mafiga matatu, na kila asubuhi huinama akapuliza kuni mpaka machozi yamtoke. Akirudi huko, moto ataupuliza siku ile ile ya kwanza. Na ni mimi niliyembembeleza miezi mitano mpaka akakubali jicho lipasuliwe. Ufuta wake ndio ulionisomesha chuo cha ualimu, na mikono yake ndiyo iliyonilea tangu nina miaka minne. Nilitaka walau jicho moja limrudie, anione nilivyokua.

Kwa hiyo nilimleta kwangu Kiranjeranje, ninakofundisha darasa la tatu.

Kwangu ni chumba kimoja kwenye uwanja wa Mama Genoveva, mjane wa Kimakonde aliyeshuka huku na mumewe kufuata biashara ya korosho, mume akafariki, yeye akabaki. Sina jiko la kuni wala la mkaa. Nina raiskuka, ile sufuria ya umeme ya kupikia wali, ambayo wenzangu wa bweni walinizawadia tulipomaliza chuo. Niliishi nayo mwaka mzima kwa amani. Natia mchele, natia maji, nafinya kitufe, nasahihisha madaftari. Maji yakikauka kitufe kinaruka chenyewe, ta, na taa inageuka kutoka nyekundu kuwa ya njano. Haina moshi hata chembe. Pale kliniki, muuguzi alipokuwa akitaja masharti, niliifikiria ile sufuria kama mtu anavyomfikiria ndugu yake mwenye uwezo.

Bibi aliipapasa pande zote. Akauliza moto unakaa wapi. Nikamwambia uko chini, ndani ya kisahani, ila hauonekani. Akasema moto usioonekana ni habari za kuambiwa.

Halafu akaniita nikae mbele yake.

"Sikiliza, Ziada. Leo Jumanne. Jumamosi Hasani anapita na gari lake kwenda Likawage. Mtama wangu ule pale kwenye kiroba, nimeutwanga mwenyewe. Kidude hiki kikiuivisha kabla ya Jumamosi, ukaiva mtama wa kuliwa na watu, nitakaa hizo siku zenu zote. Kisipouivisha, Hasani atanikuta barazani na mzigo wangu."

Ningeweza kumjibu mambo mengi. Ningeweza kumwambia tu kwamba nataka akae. Lakini mimi si mtu wa kusema. Hata shuleni, mwalimu mkuu hunikumbusha kila wiki nipaze sauti, na watoto wa viti vya nyuma wamezoea kuinua mikono, si kwa kujibu swali, bali kuniarifu kwamba hawajasikia. Nikamwambia Bibi, haya, nikaenda kupima mtama.

Siku ile ya kwanza niliupika kama mchele: kikombe kimoja cha mtama, viwili vya maji, chumvi kidogo. Baada ya dakika ishirini na tano, ta, taa ikageuka. Nilifurahi mno. Nikapakua, nikatandika mkeka, nikamnawisha Bibi mikono. Akachota, akatia mdomoni, akatafuna. Akaendelea kutafuna. Mlio wa kutafuna niliusikia pale nilipokuwa nimekaa. Mwishowe akatoa punje moja, akaishika kwa vidole viwili, akaniinulia niione.

"Shanga nzuri," akasema. "Nitafutie uzi."

Mama Genoveva alikuwa amesimama mlangoni kwetu, bila shughuli yoyote ya kumweka hapo, na alicheka mpaka akakaa chini. Tulikula mihogo yake ya kuchemsha. Bibi hakuutaja tena mtama jioni ile, na hilo liliniuma kuliko kama angenisema.

Jumatano nikaukabili mtama kama mtu aliyesoma. Niliona tatizo ni maji na muda. Kwa hiyo niliuloweka alfajiri, kabla ya kwenda shule, na mchana niliporudi nikauongezea maji mengi. Nikatia na mbaazi mbichi, maana zilikuwa zimejaa sokoni. Halafu, ili Bibi asikie harufu ya kwao, nikakuna nazi nzima, nikakamua tui zito na kulimimina lote palepale mwanzoni. Ikachemka vizuri. Ikaendelea kuchemka. Nilikuwa nimegeukia madaftari ya hesabu niliposikia mlio kama paka anapiga chafya. Kutazama, povu jeupe linatoka kwenye kitundu cha mfuniko, linateremka ubavuni, linatambaa mezani, linaingia kwenye madaftari. Nikachomoa waya. Madaftari kumi na moja yalilowa. La mtoto mmoja anayeitwa Fauzia linanukia nazi mpaka leo, na kila nikilisahihisha nasikia njaa.

Nilipochomeka tena, tui lilikuwa limeshika chini. Sufuria ilipolihisi lile joto ikadhani imemaliza, kitufe kikaruka. Chini kumeungua, juu mbichi.

Muda wote huo Bibi alikuwa amekaa kitandani na miwani yake myeusi, mikono mapajani. Kwa masharti yake mwenyewe hakutakiwa kunisaidia. Lakini nilimwona mdomo unamchezacheza, kama mtu anayetazama mwenziwe akifunga fundo upande usio wake.

"Umeanza na tui gani?" akauliza, kwa sauti ya mtu anayeulizia tu mvua.

"Zito, Bibi."

"La haula," akasema polepole.

Alhamisi umeme ulikatika asubuhi, ukarudi wakati tumeshakula mihogo. Bibi alisema kwa upole mkubwa kwamba mafiga hayakatiki. Mama Genoveva, ambaye kwa ajili ya ile miwani alikuwa ameshaanza kumwita Dereva, akamuuliza kama hayo mafiga yake yanapika na mtu asiyeona. Bibi akamjibu kwamba afadhali asiyeona kuliko jirani mwenye masikio marefu. Walikuwa wameshazoeana. Kutwa nzima nilipokuwa shule waliketi pamoja barazani wakimenya mbaazi na kuchambana, na Mama Genoveva alinikumbusha kumtia Bibi matone hata pale nilipokuwa nimekwisha kumtia.

Ijumaa nililoweka tena mtama, nikaenda shule nikiwa na moyo mzito. Kilichobaki kilikuwa jaribio moja tu. Kutwa nilifundisha huku nikiwaza tui, na nadhani siku ile hata viti vya mbele havikunisikia.

Nilipoukaribia uwanja wetu saa nane mchana, harufu mbili zilinipokea. Moja ilikuwa ya nazi. Ya pili ilikuwa ya plastiki inayoungua. Nikakimbia.

Mama Genoveva alikuwa mlangoni kwangu, ameshika kipande cha bati chenye makaa ya moto, anakitazama kama kitu alichookota njiani. Bibi alikuwa kule mwisho wa uwanja, kwenye kamba ya nguo, ameugeuzia uso ukuta na mikono ameiweka nyuma kama mwanafunzi aliyekosa. Mezani, raiskuka ilikuwa imetulia inatoa mvuke, na kile kishikio cheusi cha mfuniko wake kimeyeyuka kama mshumaa, kimelala upande.

Wakasema wote wawili kwa pamoja, na ilinichukua muda kuyapanga maneno yao.

Bibi, alipoachwa na mtama uliolowekwa na sufuria iliyonyamaza, alishindwa kuvumilia. Akamwita Mama Genoveva amkunie nazi, kwa kuwa yeye kuinama haruhusiwi. Wakaanza na tui jepesi, mtama na mbaazi humo humo. Kitufe kiliporuka mara ya kwanza, Bibi hakukiamini. Alitega sikio, akasikia chakula bado kinaongea juujuu, akaagiza kikombe cha maji ya moto kiongezwe na kitufe kifinywe tena. Kikaruka tena, kikafinywa tena.

"Mara sita," alisema Mama Genoveva.

"Saba," alisema Bibi kule ukutani. "Moja nimefinya mwenyewe ulipokwenda kuchota maji."

Mwisho wakatia tui zito, wakaliacha likauke. Na hapo, chakula kilipokauka, mikono yao ilifanya kile ambacho mikono ya kila mwanamke wa huku kwetu hufanya bila kuulizwa. Walipalia. Chakula cha nazi hakitelekezwi kikishakauka. Huwekewa makaa juu ya mfuniko, kipate moto wa juu kama kilivyopata wa chini. Bibi aliyashika masharti ya muuguzi, hilo namsifu. Alitoka nje, akaenda mbali, akageuza uso, akatoa amri kutoka huko. Mama Genoveva akaleta makaa ya jikoni kwake, akayapanga vizuri juu ya mfuniko, akakizungushia kile kishikio.

"Nilimwambia apalie," alisema Bibi. "Kishikio kama ni cha plastiki mimi nitajuaje, na sioni?"

"Mimi naona," alisema Mama Genoveva, "ila nilidhani aliyeitengeneza naye ana mama."

Nilitamani kucheka lakini nilimwona Bibi mabega yamemshuka. Nikachukua pindo la kanga, nikaushika mfuniko kwa ukingo wake wa bati, nikaufunua. Mvuke ukanipiga usoni. Mtama ulikuwa umepasuka punje kwa punje, mweupe ndani, na mbaazi zimelala humo nzima nzima, nazi inang'aa juu yake. Nikachota kwa kidole. Nikajikuta nina miaka saba, nimechuchumaa jikoni Likawage nangoja sufuria ikwanguliwe.

"Umeiva, Bibi," nikasema.

Hakugeuka. Akasema umeivishwa na makaa, si na kidude, na masharti ni masharti. Tena akasema, kwa sauti ya chini ambayo sikuizoea kwake, kwamba hata wiki hajamaliza na ameshaniharibia kitu changu cha pekee, na mtu wa namna hiyo hufaa arudi kwake. Akaingia ndani akaanza kukunja kanga zake.

Mama Genoveva alimfuata. Akamwapia kwamba makaa hayakukaa pale hata muda wa Salamu Maria moja, aliyaondoa mara tu harufu ilipoanza. Bibi akamjibu kwamba yeye hajui Salamu Maria ina urefu gani. Mama Genoveva akasimama palepale katikati ya chumba akaisali yote kwa sauti, ili ampimie. Bibi alisikiliza mpaka amina.

"Ni ndefu," akasema, na akaendelea kukunja.

Mtama ule hakuugusa. Alikula ndizi mbili, akalala na miwani yake.

Jumamosi asubuhi Hasani alipiga honi mbele ya uwanja. Ni mtu wa Likawage, amekua nyumba ya tatu kutoka kwa Bibi, na gari lake hubeba watu, magunia na habari. Akashuka, akamwamkia Bibi shikamoo, akaitikiwa marahaba, akauchukua mzigo wake bila kuuliza na kuupakia. Bibi alikuwa amekaa barazani amejitanda, miwani usoni, kama alivyoahidi.

Mgeni haondoki bila kutia kitu kinywani, hata kama ana haraka. Niliupasha ule mtama kwenye sufuria, nimeufunika kwa sahani badala ya mfuniko, nikampakulia Hasani bakuli. Alianza kula akiwa amesimama, anaongea. Kwenye tonge la pili akaacha kuongea. Kwenye la tatu akakaa.

"Bibi Somoe," akasema, "huu umeupika saa ngapi, na jicho linauma?"

"Kapika umeme," akasema Mama Genoveva.

"Yamepika makaa," akasema Bibi.

Hasani akasema wao wagombane, yeye aulize tu kama kuna ukoko. Nikakwangua chini ya sufuria. Ukatoka mzima, mwembamba, mduara, rangi ya kahawa, unanukia nazi iliyokaangika. Hasani akaukata vipande viwili. Kimoja akakitia mdomoni, na kingine, kwa mazoea ya utotoni, akamwekea Bibi mkononi. Nadhani hata hakufikiri. Kwao Likawage ukoko hauliwi peke yake na mtu mwenye adabu.

Bibi alikishika. Akakinusa. Tangu jana alikuwa amekula ndizi mbili tu. Akakiuma, na sote tukausikia ule mlio.

Hapo ndipo nilipoona jambo ambalo lilikuwa mbele yetu tangu jana. Nikasogea, nikachuchumaa mbele yake.

"Bibi, makaa yalikuwa juu," nikasema. "Ukoko umetoka chini."

Akaacha kutafuna. Hasani akatutazama, haelewi. Mama Genoveva, ambaye alielewa mara moja, akajifunga kanga upya kiunoni na hakusema lolote, na kwake hiyo ilikuwa kazi kubwa.

"Chini," akasema Bibi.

"Chini kulikuwa na umeme peke yake."

Akatafuna tena, taratibu, mpaka akamaliza. Akajifuta vidole. Nilimwona anatafuta njia nyingine. Akasema haya, mtama umeiva, amekubali, yeye si mtu wa kukana ukoko alioula. Lakini na kuku wake je? Hasani akasema kuku wanalishwa na mama yake tangu wiki iliyopita na wamenenepa. Bibi akasema mwanamke mzima mwenye wajukuu tisa hafungiwi ndani, watu watacheka. Akainuka, akashika ukuta, akaanza kushuka baraza kuelekea kwenye gari, kidogo kidogo, akipapasa kwa mguu. Hasani akasogea amshike mkono.

"Shusha huo mzigo."

Nilisikia sauti hiyo, na ilikuwa kubwa, na ilikuwa yangu. Wasichana wawili wa darasa langu waliokuwa wakipita na ndoo barabarani walisimama. Hasani aliinua mikono yote miwili kana kwamba nimemkamata anaiba.

Bibi alibaki pale alipo, mguu mmoja juu ya ngazi, mwingine chini.

"Ulimuuliza yule muuguzi mtoto yuko wapi," nikasema. Sauti haikupungua. "Mtoto yupo, Bibi. Mimi hapa. Zile saba umewakalia wengine. Hii ya nane nikalie mimi."

Sikuwa na maneno mengine. Nilikuwa nimeyamaliza yote niliyokuwa nayo, ya wiki ile na ya miaka kadhaa nyuma. Bibi alinigeuzia ile miwani yake myeusi akakaa hivyo muda mrefu, mrefu kuliko Salamu Maria.

Kisha akaurudisha ule mguu wa chini juu ya ngazi.

"Hasani," akasema, "ukifika waambie Bibi Somoe yuko ndani, ana arobaini. Wakikuuliza mtoto gani, waambie wa kike." Akapapasa mpaka akaushika mkono wangu. "Na waambie ana sauti."

Hasani akaushusha mzigo. Mama Genoveva akasema kama ni hivyo inabidi apikiwe uji wa mzazi, wenye pilipili manga, na Bibi akasema akipewa uji huo atarudi Likawage kwa miguu. Wote wakaendelea kuongea, na mimi nikaenda nyuma ya nyumba nikalia kidogo kwa furaha, nikanawa uso, nikarudi kuosha sufuria.

Jumatatu yake hakuna mtoto wa viti vya nyuma aliyeinua mkono kusema hajasikia. Walikuwa wananitazama kwa heshima mpya, na nikajua wale wasichana wa ndoo wameshasimulia.

Siku zile arobaini zilikwenda kwa mtama. Mama Genoveva alimwita mdogo wake Valentini, fundi seremala, akatuchongea kishikio cha mti wa mninga, akakifunga kwa skrubu kwenye mfuniko. Kilitoka kikubwa kupita kiasi, kama kofia ya askari, na Mama Genoveva akasema sasa twaweza kupalia bila wasiwasi. Nikakataa. Ilikuwa mara yangu ya pili kupaza sauti na ilikuwa rahisi kuliko ya kwanza. Bibi akabuni njia yake: kitufe kikiruka mara ya mwisho, anakunja kanga nene, anaufunika mfuniko nayo kwa kuuacha wazi ule upande wa kitundu, na anaukalia ulinzi mpaka aridhike. Anasema huko ni kupalia kwa wastaarabu.

Siku ya arobaini na mbili tulikuwa tumerudi kliniki, jicho limetazamwa, limesifiwa. Bibi alitaka miwani ivuliwe nyumbani, si hospitali, kwa sababu mtoto wa arobaini hutolewa nje nyumbani kwake. Kwa hiyo tulialika watu. Wakaja walimu wenzangu watatu, na Hasani, na Valentini, na majirani, na raiskuka ikapika mara nne mfululizo, mtama na mbaazi kavu safari hii, maana mbichi zilikwisha. Sufuria ilipokuwa kwenye mpiko wa nne, Bibi akasimama mlangoni, akavua miwani mwenyewe, akaikabidhi kwa Mama Genoveva ambaye aliivaa papo hapo.

Akafumba na kufumbua. Cha kwanza alichokitazama ni sufuria.

"Kumbe nyekundu," akasema. "Siku zote nilidhani nyeusi."

Halafu akanitazama mimi. Nilikuwa nimejiandaa, nilikuwa nimevaa gauni la mahafali na kujitanda kanga mpya. Alinisogelea mpaka pumzi yake ikanifikia. Akanishika kidevu, akanigeuza huku, akanigeuza kule.

"Una wino shavuni," akasema. "Mwekundu. Umeshinda nao hivi tangu asubuhi, mbele ya watu?"

Akalilowesha pindo la kanga yake kwa ulimi, akanifuta, kwa nguvu, kama alivyonifuta nikiwa na miaka minne. Alipomaliza hakuuondoa mkono. Nami sikutaka auondoe.

Nyuma yetu kitufe kikaruka, ta. Mmoja wa walimu akanyanyuka na sahani yake.

"Bado," akasema Bibi, bila kuacha kunitazama. "Hiyo ni ya sita. Finya tena."